Maji ya Kuaga

Kapitolina Averyanovna alijua kwamba amestaafishwa kabla hajaambiwa na mtu yeyote. Aliyemwambia ni sakafu.

Ilikuwa Alhamisi ya mwisho ya Februari, mwaka 1967, saa tano kasoro dakika kumi asubuhi. Aliingia ukumbi wa mazoezi wa Jumba la Fontanka jinsi alivyoingia kwa miaka ishirini na saba, shali ya sufu kiunoni, soksi nene miguuni, kopo la kumwagilia maua mkononi. Akafika pahali pake kando ya mlango, chini ya ule mti mrefu wa ukutani ambao wachezaji hushikilia wanaponyoosha miguu. Pahali pake palikuwa pamelowa.

Kwa mtu wa nje hilo si neno. Sakafu ya mbao ikikauka huteleza, na mcheza baleti akiteleza huvunjika mguu, kwa hiyo kila asubuhi kila mmoja hulowesha kidogo mbao atakazosimamia. Kila mtu na pake. Katika Jumba la Fontanka ungeweza kuazima viatu vya mwenzako, mwavuli wake, hata mume wake kwa muda, na watu wakasema wiki moja halafu wakanyamaza. Lakini pahali pake humwagii maji. Pahali pa mtu humwagiwa na wengine mara moja tu, akishacheza mara ya mwisho. Akishamwagiwa, jina lake linatolewa kwenye orodha, anatia sahihi karatasi za pensheni, na harudi tena kusimama pale. Hakuna aliyewahi kurudi.

"Nani?" akauliza.

Wachezaji arobaini wakaanza kukagua viatu vyao. Mpiga piano akapata vumbi la kufuta. Kisha akajitokeza binti mmoja wa miaka ishirini, mrefu, masikio mekundu kwa aibu. Alikuwa Tasya Lukinykh, mwanafunzi wa Kapitolina mwenyewe, aliyeletwa kutoka Perm miaka miwili nyuma.

"Ni mimi, Kapitolina Averyanovna. Nilitaka niwe wa kwanza kukuheshimu. Kule kwetu Perm mwanafunzi humwagia mwalimu wake kila siku, tangu tangazo linapobandikwa mpaka jioni yenyewe ya kumuaga."

"Tangazo gani?"

Tasya akaweka mkono mdomoni.

"Mama yangu," akasema. "Hawakukuambia."

Kapitolina aliweka kopo chini, akashuka ngazi mpaka ubaoni. Tangazo lilikuwa zuri kweli, lenye herufi za dhahabu na picha yake ya miaka kumi na mitano nyuma. Jumapili tarehe kumi na mbili Machi, Jioni ya Kumuaga Msanii wa Umma K. A. Stolbova. Chini yake kwa herufi ndogo: msanii ataketi jukwaani katika kiti cha heshima, na vijana watamchezea. Alilisoma mara mbili. Neno lililomkera kuliko yote halikuwa kuaga bali kiti.

Alipopanda tena, mwalimu wa mazoezi, mzee Foma Ignatyevich, alikuwa anamngoja mlangoni. Mzee huyu alikuwa na miaka sabini na mbili na alimfahamu tangu akiwa na mikia miwili ya nywele.

"Kapa, leo simama huku dirishani. Nimekuwekea nafasi."

"Nitasimama katikati mpaka pale pakauke."

"Katikati utashika nini?"

"Nitajishika mwenyewe."

Akafanya alivyosema. Mazoezi ya mwanzo wenzake wote waliyafanya mkono mmoja ukiwa kwenye mti, naye akiwa peke yake katikati ya ukumbi bila kushika kitu, akiwa na miaka arobaini na mitano na goti la kushoto ambalo asubuhi lilihitaji kubembelezwa. Foma Ignatyevich alimtazama kidogo, akatabasamu chini ya masharubu, akamwambia mpiga piano apunguze kasi mpaka ya konokono, kwa sababu mguu ulioinuliwa taratibu ndio unaouma. Mzee alikuwa na utani wa namna hiyo. Kapitolina hakuyumba. Baada ya dakika arobaini mbao za kando ya mlango zilikuwa zimekauka, akaenda na kopo lake, akazilowesha mwenyewe, akasimama.

Tuseme ukweli, pahali penyewe palikuwa pabaya. Kila mlango ukifunguliwa, upepo wa ngazini ulikuja moja kwa moja mgongoni. Alipewa mwaka 1940, alipoingia Jumba akiwa na miaka kumi na minane. Baba yake, fundi wa madaraja, alikuwa ameshachukuliwa na watu wa serikali miaka miwili kabla ya hapo, akaitwa adui wa umma, na habari zake zikakatika. Siku hizo, katika shule ya baleti, waliitisha mkutano. Kapitolina aliambiwa asimame mbele ya wote aseme kwamba hana baba, aachwe aendelee kucheza. Akasimama. Akasema, "Baba yangu ni Averyan Stolbov. Mnaponiita Averyanovna mnamtaja yeye. Mkitaka nimkane, kwanza tafuteni jina jingine la kuniita." Alikuwa na miaka kumi na sita, na mkutano mzima ulitazama dari.

Hawakumfukuza, kwa sababu hapakuwa na msichana mwingine aliyezunguka kama yeye, na hata watu waoga wana macho. Walipomchukua Jumbani walimweka kando ya mlango, na mmoja akasema kwa sauti ya kusikika kwamba ni vizuri awe pale, siku wakija kumtoa asihangaike kutembea.

Hakuna aliyekuja kumtoa. Vita ndivyo vilivyokuja. Jumba lote likapakiwa kwenye treni likapelekwa milima ya Ural, wakacheza katika ukumbi wa mbao ambamo pumzi ya watazamaji ilionekana kama moshi. Walivaa mabuti ya sufu mpaka ukingoni mwa jukwaa, wakayavua, wakacheza, wakarudi kuyavaa. Jioni moja askari waliojeruhiwa waliletwa kutazama, na mmoja wa mstari wa mbele hakuwa na mikono. Alimpongeza kwa kupiga sakafu na visigino, muda mrefu kuliko wenye mikono. Kapitolina alishapewa medali sita baada ya siku ile na alizichanganya majina, lakini visigino vile alivikumbuka.

Baada ya vita walimpa Binti Mhunzi. Mji mzima uliijua baleti hiyo kwa kitendo chake cha tatu, pale binti anapozunguka mara thelathini na mbili kwa mguu mmoja, na kila mzunguko mtu wa okestra anagonga fuawe halisi ya chuma. Wapenzi wa baleti walipanga foleni ya tiketi wakiwa na blanketi na matango ya chumvi mfukoni. Jumba likasafiri London, likasafiri Paris, likasafiri Tokyo. Yeye alibaki, kwa sababu ya lile jina. Mwaka 1956 ikaja barua ya mistari minne kwamba Averyan Stolbov hakuwa na hatia yoyote na kwamba alikufa mwaka 1939. Mkurugenzi wa wakati ule, mtu mzuri lakini mwenye hofu, alikuja kumwambia kwamba sasa angeweza kusimama dirishani penye jua.

"Hapa mliniweka nyinyi," Kapitolina akamjibu. "Nimeshapazoea, na upepo umeshanizoea."

Mkurugenzi wa sasa alikuwa mtu wa aina nyingine. Gleb Vikentyevich Ordyntsev aliletwa kutoka wizarani Moscow msimu wa vuli uliopita. Hakuwa amecheza hata siku moja maishani mwake, kipara chake kiling'aa, viatu vyake viling'aa zaidi, naye alimwita kila mwanamke mpenzi wangu, kwa kuwa kukariri majina ya wengi kulimchosha. Mazoezi yalipokwisha, Kapitolina alikwenda ofisini kwake.

"Kapitolina Averyanovna, mpenzi wangu, keti. Unywe chai?"

"Umeshaniketisha kwenye tangazo. Hapa nitasimama."

"Ah. Umeliona." Alipanga kalamu zake. "Ilitakiwa iwe zawadi ya kukushtukiza. Ni heshima kubwa, mpenzi wangu. Wizara itatuma mtu."

"Heshima gani hii inayoingia kwangu bila kupiga hodi?"

"Sheria ni miaka ishirini jukwaani, halafu pensheni. Wewe una ishirini na saba."

"Sheria inasema ninaweza kuondoka. Haisemi lazima. Nimeisoma, na miwani ninayo."

"Na goti?"

"Goti langu limekuandikia barua?"

Gleb Vikentyevich aliinuka, akaenda dirishani, akaamua kubadili njia. "Tuzungumze kama watu wazima. Unaye mwanafunzi, Lukinykh. Kipaji kile umekikuza wewe. Anamngoja Binti Mhunzi, na Binti Mhunzi umemkalia. Huoni haya?"

Hilo lilimchoma, kwa sababu lilikuwa na ukweli ndani yake.

"Mpe," akasema. "Nilishamwambia mtangulizi wako ampe. Jumatano acheze yeye, Jumapili nicheze mimi. Kwani juma lina siku moja?"

"Jumba linahitaji sura moja kwenye tangazo. Sura mpya."

"Basi nifukuze."

Mkurugenzi hakuweza, na wote wawili walijua sababu. Msanii wa Umma, mwenye cheo kinachotolewa na serikali kuu, hafukuzwi na mkurugenzi. Lazima aondoke kwa sahihi yake mwenyewe, na sahihi hiyo hakuna namna ya kuitoa kwa nguvu. Ndiyo maana alihitaji jioni ya kuaga, na ndiyo maana alihitaji yale maji. Mtu akishamwagiwa mbele ya ukumbi mzima ataanzaje kesho yake kusema hakuaga?

"Sawa," Kapitolina akasema. "Nitakuja kwenye jioni yako. Ila kitini sikai. Nitacheza kitendo cha tatu chote."

"Chote? Na mizunguko?"

"Yote thelathini na miwili."

Alimwona akipiga hesabu kichwani. Kapitolina akianguka mbele ya mtu wa wizara, hapatakuwa na la kubishana tena. Asipoanguka, atakuwa amecheza vizuri mara ya mwisho, na maji yatafuata. Kwa upande wa mkurugenzi ilikuwa faida huku na huku.

"Na baada ya hapo, maji?" akauliza.

"Baada ya hapo leta maji yako."

"Vizuri sana, mpenzi wangu. Na mimi mwenyewe nitawaeleza watazamaji maana ya desturi yetu. Nje hawaijui. Itawagusa."

"Waeleze," akasema Kapitolina, mkono ukiwa kwenye kitasa. "Waeleze vizuri, neno kwa neno, asibaki mtu ambaye hakuelewa."

Kwa wiki mbili na ushei alifanya mazoezi asubuhi na mchana. Goti lilivimba, likakandwa kwa jani la kabichi lililopondwa, likatulia, likavimba tena. Siku ya Ijumaa kabla ya jioni ile alikuwa katika chumba cha kuvalia pamoja na Shangazi Lampa, aliyemvisha tangu mwaka wa Ural. Shangazi Lampa aliingiza kiatu kipya cha ncha, cha kusimamia vidole, kwenye bawaba ya mlango, akakibana kikalia kwaa ili kilainike, akampa. Kapitolina akashona utepe mwenyewe, kwa uzi mnene. Kushonewa utepe hakuwahi kukubali.

Tasya akabisha hodi, ameshika mtungi wa jamu ya rasiberi.

"Ya mama, kutoka nyumbani," akasema. Akaiweka mezani, hakuondoka. "Kapitolina Averyanovna, mkurugenzi amesema mimi ndiye nitakayekumwagia."

"Najua."

"Nikikataa, amesema jukwaani nitakuwa mti wa msituni, wa tatu kutoka kushoto, mpaka nizeeke."

"Usikatae."

"Sasa nifanye nini?"

Kapitolina akakata uzi kwa meno. "Jaza kopo mpaka juu. Ukimpelekea mtu maji, mpelekee ya kutosha."

Tasya alidhani kwamba mwalimu wake amekubali yaishe, na machozi yakamtoka.

"Kalie nje," Shangazi Lampa akamwambia. "Hapa utalowesha satini."

Mlango ulipofungwa, Kapitolina aliweka kiatu magotini. "Ninaogopa, Lampa."

"Goti?"

"Goti ninalifahamu. Ninaogopa kwamba yule mtu ana haki. Kwamba kila mtu anaona isipokuwa mimi."

Shangazi Lampa alikuwa mwanamke wa maneno machache na sindano nyingi, na zote alizishika mdomoni. Akazitoa kwanza.

"Haki, labda anayo," akasema. "Miguu hana. Siku ukiwa huwezi nitakuambia mimi, maana mimi ndiye ninayefua hizo nguo na ninajua jasho lako. Bado. Vaa hicho, nione."

Jumapili jioni saa moja Jumba lilijaa mpaka ngazi za ghorofa ya juu, walikokaa wale wa blanketi na matango. Wengine walikuwa wanamtazama tangu 1946 na walikuwa wameshazeeka naye. Walikuja wamevaa nyeusi, wengi wao, na hilo lilimkera. Gleb Vikentyevich alikaa kwenye roshani ndogo ya mbele kulia, pamoja na mtu wa wizara.

Kitendo cha tatu kikaanza, na kwa robo saa hakukumbuka mkurugenzi wala tangazo. Alikuwa kazini. Kisha okestra ikanyamaza pumzi moja, fuawe ikagongwa, akaanza kuzunguka.

Anayezunguka huchagua kitu kimoja cha kutazama, ili kila mara kichwa kikigeuka kirudi palepale asipatwe na kizunguzungu. Kwa miaka yote Kapitolina alitazama taa nyekundu iliyo nyuma ya ukumbi. Jioni ile alichagua kipara cha Gleb Vikentyevich, kilichoonekana vizuri zaidi. Moja. Mbili. Tatu. Kule juu walikuwa wanahesabu chini ya pumzi kama walivyozoea. Kumi na mbili. Kumi na tatu. Kwenye wa kumi na tisa goti likamuuma kwa namna mpya, ya ndani, akajua kwamba kuna kitu kimeachia. Wa ishirini na moja ulimtupa kando. Jukwaa la Fontanka limeinama kuelekea kwa watazamaji, na mzungukaji aliyelegea huteremka nalo mpaka kwenye okestra. Alijiona anateremka. Mkurugenzi alikuwa ameinama mbele, mikono kwenye ukingo wa roshani, na uso wake haukuficha anachokingoja.

Asante kwa uso ule. Hasira ilimrudishia uti wa mgongo. Akasema moyoni, hunipati, akaupandisha mwili juu ya mguu unaouma badala ya kuukimbia, na kwenye wa ishirini na tano alikuwa amerudi katikati. Thelathini. Thelathini na moja. Thelathini na mbili, na hapo muziki unaisha na binti anasimama.

Hakusimama. Alizunguka wa thelathini na tatu, ambao haukuandikwa popote, na yule mgonga fuawe, mtu mtiifu asiyependa kuacha kazi nusu, akagonga. Alipotua alitua vibaya, hatua nusu pembeni, na mwenye jicho aliliona. Halafu Jumba likainuka. Mzee mmoja wa ghorofa ya juu alikuwa akipiga sakafu kwa visigino, Mungu anajua kwa nini, maana mikono alikuwa nayo.

Gleb Vikentyevich alingoja kelele zitulie, akatokea jukwaani na maikrofoni. Nyuma walikuwa wamepangwa wachezaji wote arobaini. Kiti cha heshima kilikuwa kimewekwa pembeni, chekundu, kitupu.

"Ndugu watazamaji," akasema, "tunayo desturi yetu ambayo nyinyi hamjawahi kuiona. Msanii anapomaliza, wenzake humwagia maji pale anaposimama. Ni lugha yetu. Maana yake ni kwamba kazi yako imekwisha, tunakushukuru, nenda kapumzike. Na anayemwagiwa, kwa heshima, huondoka na harudi tena."

Wanawake wengine walitoa leso. Tasya akaja kutoka pembeni na kopo lililofungwa utepe mwekundu, limejaa mpaka maji yanaruka kwenye vazi lake. Alitembea vizuri, akafika mbele ya mwalimu wake, na hapo miguu ikagoma. Mkono wake haukuinuka. Alimtazama Kapitolina usoni, akatikisa kichwa polepole mbele ya watu elfu moja na mia sita na mtu wa wizara.

"Siwezi," akasema. "Hata akinigeuza mti."

"Najua, binti yangu. Lete."

Kapitolina akalipokea kopo. Lilikuwa zito kama alivyoagiza. Akageuka kwa Gleb Vikentyevich, akainamisha kichwa kwa adabu yote aliyofundishwa shuleni, akaanza kumwagia maji mbele ya viatu vyake vinavyong'aa.

Mkurugenzi akarudi nyuma hatua moja. Kapitolina akapiga hatua moja, akamwaga. Akarudi nyingine, akafuatwa, taratibu, bila haraka, kama mtu anayemwagilia bustani yake. Alichechemea, na hakuficha. Kule juu mwanamke mmoja akacheka kwa sauti nyembamba, akajaribu kujizuia, akashindwa, na kicheko kikashuka ghorofa moja baada ya nyingine. Hata mtu wa wizara alikuwa ametoa leso, na hakuwa analia. Gleb Vikentyevich alirudi nyuma mpaka pazia la pembeni, akaiangusha maikrofoni, akamezwa nalo, na Kapitolina akaiokota.

"Tunakushukuru, Gleb Vikentyevich," akasema kwenye maikrofoni. "Nenda kapumzike."

Basi, watu walicheka na kupiga makofi nusu saa. Lakini kicheko cha watazamaji hakimwajiri mtu. Jumatatu Jumba hufungwa. Jumanne asubuhi ubaoni palikuwa na orodha mpya ya mwezi, na jina la Stolbova halikuwamo. Palikuwa pameachwa hata ile nafasi ya mstari mmoja lilipokaa miaka yote. Kapitolina alisimama mbele yake na fimbo aliyoazimwa na jirani, goti limefungwa jani la kabichi chini ya soksi.

Alijua kilichobaki. Karatasi ni karatasi, zinaandikwa na kufutwa. Wenzake ndio waliobaki. Ikiwa juu kule wamemmwagia, amekwisha, na hata wizara ikimrejesha hatakuwa na pa kusimama. Nao wana watoto, wana vyumba vya serikali wanavyovingoja, wana safari ya Paris mwezi Mei. Hatamlaumu mtu. Alijiambia hivyo kwenye kila ngazi, na aliona kabisa kwamba anajidanganya, kwamba atawalaumu mpaka kaburini.

Akasukuma mlango.

Wote arobaini walikuwa wameshika mti, migongo imenyooka, wanatazama mbele. Sakafu iling'aa kwa maji kutoka ukuta mpaka ukuta. Kulikuwa na pahali pamoja tu pakavu, kando ya mlango, mbao zake nyeupe, pana kiasi cha meza ya watu wawili. Kopo lake lilikuwa hapo. Limejaa mpaka juu.

Na juu ya mbao hizo kavu, kwa kuwa hakutaka kulowesha viatu vyake na kwingine kote kulikuwa kumelowa, alisimama Gleb Vikentyevich, kalamu mkono mmoja, karatasi za pensheni mkono wa pili.

"Kapitolina Averyanovna," akaanza, na safari hii hakumwita mpenzi wake. "Ni sahihi moja tu."

"Umechelewa dakika mbili, Kapa," Foma Ignatyevich akasema kutoka upande wa piano, kana kwamba hakuna mtu mwingine chumbani. "Tunakungoja wewe."

Kapitolina akaegemeza fimbo ukutani. Akavua shali, akaifunga kiunoni. Akamshukuru Mungu kwamba kuinama kuchukua kopo kulimpa muda wa kuficha uso. Mkononi mwa mkurugenzi karatasi zilikuwa zinangoja.

"Samahani," akamwambia. "Hapo umesimama pangu."

Mkurugenzi alitazama kushoto, akatazama kulia. Migongo arobaini haikugeuka. Mwishowe akainua kiatu chake kinachong'aa, akakiweka kwenye maji, akatoka nje akiacha nyayo. Kapitolina akamwaga maji yake mwenyewe, akashika mti, akaweka uzito kwenye goti linalouma, na piano ikaanza.